Zakaria Akija Dirishani Kwako

Akiru mwanangu,

Umevuka mto kwenda kumuaga nyanya yako, na najua hutarudi upesi, maana yule mama hamwachi mtu aondoke kabla hajamlisha na kumtemea mate ya baraka usoni, kisha akamlisha tena. Kwa hiyo nyumba ni yangu jioni hii. Nimeketi mlangoni ambapo bado kuna mwanga, nimeegemea nguzo ya baba yako, naandika juu ya sanduku lako.

Sitaandika habari za neti, wala maji ya kuchemsha, wala kurudi nyumbani kabla ya giza. Hayo nimeyasema jikoni mpaka ukaniambia, "Mama, Kakuma si mwezini." Kweli si mwezini. Lakini lililo moyoni sikuweza kulisema jikoni, kwa sababu ungeniangalia, na ukiniangalia mimi huwa najifanya mwema.

Kesho unakwenda kuwa karani wa masjala ya korti. Kanisani Jumapili walikusimamisha wakakupigia makofi, nami nikapiga mpaka mikono ikauma. Lakini wewe ni mtoto wa mwanamke aliyesimama mbele ya dirisha kama hilo lako tangu hujaota meno ya pili mpaka ukamaliza sekondari. Na miongoni mwa watu watakaosimama mbele ya dirisha lako yuko mmoja tunayemjua wewe na mimi. Zakaria ana kesi huko huko unakokwenda. Tangu nipate habari hiyo nimekuwa na furaha mbaya, furaha ya mtu aliyemwona nyoka akiingia kwenye gunia na kamba ya kulifungia anayo yeye. Nataka nikwambie kwanza nililotaka kukuomba, halafu nikwambie ninalokuomba sasa. Si jambo moja.

Baba yako humkumbuki vizuri. Uliwahi kuniambia unakumbuka mabega yake tu, kwa sababu alikubeba juu yake. Alizaliwa mfugaji. Ukame ulipomaliza mbuzi na ngamia wa baba yake, aliteremka ziwani na chuma kimoja cha urithi, kile cha kupigia mifugo alama ya ukoo. Yenu unaijua, ni kama ukucha wa ndege na mstari chini yake. Mimi nilimkuta Kalokol, msichana wa kuja, nimetoka magharibi kumfuata shangazi aliyekuwa akiuza sukari na majani ya chai. Ekai, baba yako, alikuwa na mashua ya nusu kwa nusu na mwenzake, na chuma kisichokuwa na kazi.

Tulipojenga banda letu la kukaushia samaki kule Longech ufukweni, alikata mashina ya mikoma akayachimbia yawe nguzo. Siku tuliyomaliza akawasha moto, akakitia kile chuma mpaka kikawa chekundu, akakikandamiza kwenye nguzo kubwa ya mlangoni. Moshi ukatoka, ukanuka. Nikamcheka. Nikamwambia, "Sasa tutalipeleka banda kunywa maji pamoja na mbuzi?"

Akasema, "Cheka tu. Mbuzi wangu wa mwisho ndiye huyu. Huyu hafi na ukame."

Mwenzake wa mashua ndiye Zakaria. Naye alikuwa mtu wa kuja kama mimi, na alikuwa mzee wa kanisa tangu akiwa kijana, ukinielewa. Sauti nzuri ya kuomba. Akiomba mvua unatafuta mahali pa kujikinga. Alikula kwetu, nikamwita shemeji, naye akakubeba wewe.

Baba yako alipochukuliwa na homa, ilinibidi niondoke ufukweni nikakae msiba kwa nyanya yako hapa Lodwar. Sasa elewa jinsi mambo yalivyokuwa kule. Viwanja vya ufukweni hatukuvipima kwa kamba. Banda lenye samaki lina mwenyewe. Banda tupu, miezi michache tu, watu wanaanza kuchukua fito moja moja, halafu anakuja mtu na samaki wake anatandika, na hakuna wa kumuuliza. Zakaria akanifuata na kofia mkononi. Akasema, "Shemeji, usihangaike. Nitaanika samaki wangu humo lisikae tupu. Ukimaliza msiba utanikuta."

Nilimshukuru mpaka nikalia. Nikampa ufunguo mbele ya wanawake wote waliokuja kuniaga, na kwa vile nilikuwa nimelia sana na nilitaka watu wacheke kidogo, nikasema, "Haya shemeji, sasa ni lako."

Akiru, hilo ndilo kosa langu, sina lingine kubwa kuliko hilo. Utani wa mtu anayeaga. Kila mmoja pale alijua ni utani, kama vile mtu akikuachia kuku umlindie unavyomwambia ukirudi utakuta mifupa. Lakini miaka ilipopita na utani ukasomwa kortini, haukuwa na kicheko tena ndani yake. Mashahidi wake walisimama mmoja mmoja wakasema, "Nilimsikia kwa masikio yangu akisema sasa ni lako." Na hakuna hata mmoja aliyesema uongo.

Niliporudi alinikaribisha kwenye banda langu kama mgeni. Akanipa kiti. Akasema, "Mama Akiru, si ulinipa?"

Nilidhani anatania. Nilicheka, mwanangu. Nilicheka peke yangu.

Wazee wa ufukweni walituita, akawaambia habari za ule ufunguo. Wazee wa kanisa walituita, na yeye alikuwa mmoja wao. Mwisho nikaenda korti ya chini, ambayo sitaitaja, maana watu wake wengine bado nawasalimia sokoni. Nilikwenda nikidhani hakimu ni kama daktari, unaingia, unaonyesha panapouma. Sikujua kuna kitu kinaitwa kutajwa. Kesi haisikilizwi, inatajwa. Unatoka nyumbani alfajiri, unaketi kwenye benchi, wanaongea Kiingereza juu ya kichwa chako kama watu wanaorushiana mpira, halafu mkalimani anakwambia, "Mama, rudi mwezi ule." Wakili wake hayuko tayari. Wakili wake ana kesi mji mwingine. Hakimu amehamishwa. Hakimu mpya anataka kusoma kuanzia mwanzo. Na mara nyingi zaidi ya hizo zote ni lile dirisha, na sauti ndani yake isiyoinua hata kichwa: "Faili haionekani, mama."

Wewe ulikuwa unakuja nami. Ulijifunza kusoma kwa kusoma majina kwenye orodha iliyobandikwa ubaoni, na siku uliposoma jina langu ulipiga kelele ya furaha, ukadhani mama yako amekuwa mtu mkubwa. Baadaye ukakua, ukaacha kuja. Siku mlipokwenda kuimba mashindano ya shule, na wewe ndiye ulikuwa unaanzisha wimbo, mimi sikuja, nilikwenda kusikia kesi ikitajwa. Haikuchukua hata muda wa kunywa maji. Nilipofika uwanjani mlikuwa mmeshaimba. Ulinipa soda uliyokuwa umeniwekea, ilikuwa imepata moto. Hilo pia namdai Zakaria, nimeliweka pamoja na banda.

Tangu mwanzo niliomba jambo moja tu. Nilimwambia kila hakimu, "Mheshimiwa, njoo Longech uone nguzo. Ina alama ya ukoo wa mume wangu. Huyu mtu si wa ukoo ule, hata kabila lile si lake. Nguzo itakwambia nani alijenga." Kila hakimu aliandika. Kila hakimu alisema ni ombi zuri. Kisha gari halina mafuta, au barabara imekatwa na lagha iliyofurika, au tarehe ile hakimu ana semina.

Na ziwa likaanza kupanda.

Wewe unalijua hilo, umeona nyumba zilivyohama. Maji yalikuja taratibu kama mgeni anayevua viatu. Mwaka huu yamefika kwenye mitumbwi iliyoanikwa, mwaka ule yamefika kwenye kanisa. Zakaria akahamisha samaki wake, akajenga juu zaidi, hakuhangaika. Kila maji yalipopanda, uso wake uliongezeka ulaini. Siku moja tumekaa kwenye benchi la korti, kesi imeahirishwa tena, akaniinamia akasema kwa sauti ile ya kuombea, "Mama Akiru, kwa nini tunapigania? Hata Mungu ameshalichukua."

Siku hiyo ndiyo nilielewa. Yeye hakuwa anangoja kushinda. Alikuwa anangoja tu.

Nikwambie jinsi nilivyokuwa naomba, maana wewe ulidhani mama yako akifunga mlango wa chumba anaombea ada yako tu. Nilimwombea Zakaria mabaya kwa majina. Niliomba mguu wake uvimbe. Mungu si mtu wa kumjaribu, mwanangu. Mguu ukavimba. Niliposikia, nikakaanga samaki mkubwa, tukala, ukaniuliza ni sikukuu gani. Wiki iliyofuata nikaenda kortini, wakili wake akasimama: "Mteja wangu ana mguu, tunaomba muda." Wakampa muda mrefu kuliko wote. Nilirudi nyumbani nikapiga magoti, nikabadilisha. Nikasema, Bwana, mponye. Mpe miguu ya ngamia. Mpe macho, mpe sauti, mpe usingizi mzuri, umtunze mpaka siku atakaposimama kwenye kizimba cha mashahidi aulizwe aliijenga vipi nyumba ya mume wangu. Nadhani hakuna mtu kanisani aliyemwombea yule mzee afya kwa machozi kama mimi. Mke wake alinishukuru.

Kisha akaja yule wakili msichana, wa wale wanaosaidia watu bila malipo. Alikaa hapa mlangoni akanywa chai, akasoma makaratasi yangu yote, akasema, "Mama, hatutaiomba korti ya juu ikupe banda."

Nikasema, "Sasa tutaiomba nini?"

"Tutaiomba iiambie korti ya chini isikilize."

"Kwa hiyo naenda kortini kuiomba korti iambie korti ifanye ukorti?"

Akacheka mpaka chai ikammwagikia. "Ndiyo hivyo mama. Wakubwa wao wana uwezo wa kuita faili, wakaangalia kwa nini imelala."

Sikuamini. Lakini niliketi mbele ya jaji, mwanamume mwembamba mwenye miwani, na faili yangu ambayo ilikuwa haionekani miaka yote ilionekana ndani ya wiki, imefungwa na kamba nyeupe. Aligeuza kurasa. Akamuuliza wakili wa Zakaria, "Hapa mliomba muda. Hapa pia. Hapa pia. Mlikuwa mnangoja nini?" Wakili akasema mambo ya Kiingereza. Jaji akasema, na hili mkalimani alinitafsiria akiwa anatabasamu, "Naona ziwa limefanya haraka kuliko korti." Kisha akatoa amri: korti ya chini isikilize siku kwa siku, hakuna kuahirisha bila sababu ya maana iliyoandikwa, waende wakaone mahali penyewe wakiwa na gari au wakiwa na punda, na hukumu itoke kabla mwaka haujaisha.

Hakusema mimi nina haki. Hilo nataka ulikumbuke. Hakuligusa kabisa. Alisema tu tusikilizwe. Lakini nilimwangalia Zakaria, na kwa mara ya kwanza tangu nimpe ufunguo, uso wake ulikuwa na miaka yake yote.

Siku ya kwenda kuona mahali, ulikuwa shuleni, kwa hiyo acha nikusimulie vizuri, maana hii ni siku nitakayoisimulia hata mbinguni kama kuna muda. Mahali penyewe palikuwa chini ya maji. Hakimu, mama mmoja mnene mpole, akafika ufukweni na viatu vya ofisini, akatazama ziwa, akasema, "Banda liko wapi?" Nikanyoosha mkono kwenye maji.

Wanawake wa samaki walikuwa wamekusanyika kama kwenye harusi. Mmoja akapaza sauti, "Leo korti inakwenda kuoga." Mwingine akasema, "Mheshimiwa, usivue koti, mamba wa hapa hawajui Kiingereza." Hakimu akacheka akavalishwa jaketi la kuelea, tukaingia kwenye mashua: yeye, karani na faili kwenye mfuko wa plastiki, mawakili, mimi, na Zakaria. Zakaria, aliyekuwa mshirika wa mashua ya mume wangu, ambaye alikuwa amemwambia hakimu kwa kiapo kwamba ametoa maisha yake kwenye uvuvi, alishika ukingo wa mashua kwa mikono miwili, macho amefumba. Hakuwahi kuingia ziwani, Akiru. Ekai ndiye aliyekuwa akiingia. Yeye alikuwa akihesabu samaki nchi kavu. Nilimwangalia akitetemeka na sikuondoa macho. Kama kuangalia ni kula, siku hiyo nilishiba.

Nahodha alizima mtambo nilipomwambia. Akateremsha upondo, akapapasa, tukasikia umegonga kitu. Hakimu akasema, "Mzee Zakaria, hii ni nini?"

Akasema bila kufumbua macho, "Ni mawe."

Vijana wawili wakazama na kamba. Walikaa chini mpaka moyo wangu ukaenda nao. Wakatoka, wakafunga kamba kwenye mashua, mtambo ukanguruma, tukavuta. Na ile nguzo ikang'oka ikapanda juu, nyeusi, imevaa majani ya ziwa kama nywele. Nikaisugua kwa khanga yangu. Alama ya ukoo wako ikatokea pale pale alipoipiga, ukucha na mstari. Hakimu akaigusa kwa kidole. Akamwuliza Zakaria, "Alama hii ni ya nani?" Naye akasema, "Mheshimiwa, naomba muda."

Hakimu akasema, "Muda umekwisha, mzee."

Basi mwisho unaujua. Nilishinda. Korti ikasema kiwanja ni changu na banda lilikuwa langu. Watu walinibeba. Wewe ulicheza mpaka khanga ikadondoka. Lakini usiku wa shangwe ukaisha, nikaenda Longech peke yangu na hukumu yangu mkononi kutazama kiwanja changu, nikakuta ndege wamekaa juu ya maji yangu. Hicho ndicho nilichopewa. Maji. Ile miaka ambayo ardhi ilikuwa kavu, ambayo ningekausha samaki na kukusomesha bila kubisha mlango wa mtu, hiyo aliila yeye, na hakuna hakimu wa chini wala wa juu anayeweza kuirudisha. Aliagizwa anilipe kidogo kidogo, analipa kwa kusuasua. Amehamishia biashara yake Kakuma, na Jumapili bado anasoma matangazo kanisani huko.

Kwa hiyo usinione nimetulia ukadhani nimemaliza. Mchungaji ananiuliza kama nimesamehe. Nasema niko njiani. Sijasema njia inaelekea wapi.

Sasa Mama Neema. Unamjua, yule Mkongo anayenunua samaki wangu akauze Kakuma, kambini kwa wakimbizi wenzake, aliyekuletea kile kitenge. Juzi alikuja kuchukua mzigo, akakaa hapa hapa. Nikamuuliza biashara. Akasema, "Dada, stoo yangu ilikamatwa. Mutoto alikuwa hospitali, minaenda kukaa naye. Kuko mzee moja wa kanisa, muzuri kabisa, akaniambia, usihangaike mama, nitaweka mizigo yangu ndani isikae bule. Nilirudia, anasema ni yake."

Nikamuuliza jina. Nilijua kabla hajalitaja.

"Na umekwenda kortini?"

"Nilienda, dada. Lakini huyu mzee anakuwaka mugonjwa kila siku ya kesi. Korti inamungoja, yeye banamuona sokoni anakula nyama." Akacheka, lakini machozi yalikuwa hapo. "Na mimi, batu ya resettlement wakiniita kesho, nitaenda. Njo yeye anangojeaka."

Ni mtego ule ule, hata maneno hayakubadilishwa. Kwangu alingoja ziwa, kwake anangoja ndege ya kumpeleka Amerika.

Mama Neema alipoondoka niliketi nikapanga. Nitakwambia wazi. Nilipanga kukuambia hivi: Akiru, siku utakapoikuta faili ya Zakaria, ichukue, iweke nyuma ya kabati. Akija, usiinue kichwa. Mwambie, haionekani, mzee. Rudi mwezi ule. Mwache asimame juani na mguu wake. Mwache arudi, na arudi tena. Nilikuwa nimeshaandika hata namna ya kulisema, kwa upole, kama walivyoniambia mimi. Nilifurahi mpaka nikaimba nikiosha vyombo, wewe ukaitikia kutoka ndani, hujui unaitikia nini.

Nilikuwa nasugua sufuria nilipoona upumbavu wangu. Zakaria hatasimama juani. Ukimwambia haionekani, ataivua kofia akushukuru, aende zake akale nyama. Faili ikilala, stoo ni yake. Ningekuwa nimemtafutia, kwa mkono wa mtoto wangu, kile kile alichokuwa akikinunua kwa mawakili. Ile siku ya mguu nilijifunza, nikasahau, nikajifunza tena juu ya sufuria.

Na wewe ungekuwa nani? Ungekuwa ile sauti isiyoinua kichwa. Mama fulani kutoka Burundi, mwenye kesi yake isiyotuhusu, angejifunza kukuogopa.

Kwa hiyo sasa sikiliza ninachokuomba, na usidhani nimekuwa mtakatifu. Nataka kulipiza kuliko jana.

Siku ya kwanza, mwambie mkubwa wako kwamba unamjua mtu huyu na mama yako amewahi kushtakiana naye. Akikuambia usiguse faili hiyo, usiiguse hata kwa kuipangusa vumbi, tusimpe wakili wake kitu cha kuombea muda. Faili nyingine zote uziguse. Ziweke mahali pake, kila moja, kila siku, kiasi kwamba mwenzako akinyoosha mkono kutafuta ile, isiwe na mahali pa kupotelea. Fanya kazi yako vizuri mpaka iwe ni ukatili kwa watu kama yeye. Na mtu akija dirishani, inua kichwa. Hata kama huna jibu, inua kichwa umtazame.

Kisha siku moja atakuja yeye. Atakuwa amevaa lile koti la kanisani, anachechemea zaidi akiona watu. Atataka kuambiwa hakimu hayupo, au faili imepotea, au kitu chochote kile cha kumrudisha nyumbani. Hatakutambua kwanza. Msalimie vizuri, ejok, kama ulivyofundishwa. Mwite mzee. Muulize namba ya kesi yake kama unavyomuuliza kila mtu. Ukiweza mwongezee kiti, mguu unamsumbua kweli, hilo mimi nalijua kuliko mtu yeyote.

Atakapokutazama vizuri ataniona. Una macho ya baba yako, lakini mdomo ni wangu. Hapo ndipo umwambie, polepole, kwa sauti ambayo benchi zima litasikia:

"Faili yako iko, mzee. Na hakimu yuko. Ngoja hapo, utaitwa sasa hivi."

Basi. Usiongeze neno. Utazame tu ule uso, uniwekee, uje unisimulie ukirudi Krismasi. Nitakukaangia samaki mkubwa.

Nasikia sauti yako na ya nyanya mkishuka mtoni, amekusindikiza, nilijua. Naifunika hii ndani ya nguo zako, chini ya kitenge cha Mama Neema. Nguzo ya baba yako inabaki hapa mlangoni, nimeisugua leo kwa mafuta. Hukuwahi kuwa na mbuzi wa kupiga alama, mwanangu, lakini kila kitu utakachokishika kwa mikono safi huko, kitajulikana ni cha ukoo gani.

Mungu akutangulie, na Zakaria akufuate akiwa na afya njema.

Mimi mama yako, mwenye kiwanja chini ya maji.